Ulijua ni ya wizi? Maswali yanayoulizwa mara kwa mara Dar es Salaam kuhusu kupatikana na mali iliyoibwa

Wapo watu wengi wa jiji hili wanaopandishwa kizimbani kwa sababu ya simu, televisheni, pikipiki au roli la nyaya ambalo wao hawakuiba. Waliinunua mali hiyo, walipewa waitunze, waliletewa waitengeneze, au waliishika rehani. Kesi yao yote inasimama juu ya swali moja: walijua? Majibu haya ni kwa ajili yao na kwa ndugu zao wanaozunguka vituoni. Ni kwa ajili ya aliyeibiwa pia, maana anayenunua jasho la mwenzake kwa makusudi ndiye anayemfanya mwizi arudi kazini kesho.

Sheria inayoelezwa hapa ni ya Tanzania Bara. Namba za vifungu ni za Toleo la 2022, hivyo ukishika toleo la baadaye angalia kichwa cha kifungu kuliko namba.

Nikikutwa na mali ya wizi, tayari nina kosa?

Hapana. Kosa la kupokea mali ya wizi liko kwenye kifungu cha 311 cha Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16. Kinamlenga mtu anayepokea au kubaki na mali huku akijua, au akiwa na sababu ya kuamini, kwamba imeibwa au imepatikana kwa njia ya jinai. Adhabu inaweza kufika kifungo cha miaka 10. Jamhuri, yaani upande wa mashtaka, inapaswa kuthibitisha kwamba mali iliibwa kweli, kwamba ilikuwa mikononi mwako, na kwamba ulijua au ulikuwa na sababu ya kuamini. Likikosekana moja kati ya hayo, shtaka halisimami.

Washtakiwa wengi hukimbilia hilo la mwisho, wakaanza kuapa kwamba hawakujua, na kulisahau la kwanza kabisa. Kama mwenye mali hakuletwa mahakamani na hakuna ushahidi mwingine kwamba mali iliibwa, kuulizwa ulijua nini ni kurukia hatua. Hakuna anayeweza kujua wizi ambao haujathibitishwa kutokea.

Sasa watathibitishaje kilichokuwa kichwani mwangu?

Kwa yale uliyoyafanya na namna ulivyoyafanya. Ni mara chache sana Jamhuri ikawa na mtu wa kusema, "Nilimwambia kabisa kwamba nimeiba, naye akasema lete." Kinacholetwa mahakamani ni ushahidi wa mazingira, na kifungu cha 122 cha Sheria ya Ushahidi, Sura ya 6, kinamruhusu hakimu kufikia hitimisho kwa kuangalia mwenendo wa kawaida wa mambo, wa watu na wa biashara.

Fikiria fundi simu mwenye kibanda Tandika. Saa tatu usiku anakuja kijana asiyemfahamu, ana simu tatu za bei mbaya, zote zimewashwa na zote zina pini. Anasema, "Kaka, nifungulie hizi, nyingine chukua wewe." Hana chaja, hana boksi, na hajui jina lililo kwenye akaunti ya simu yoyote kati ya hizo. Moja inaita akiwa amesimama pale. Kwenye kioo linatokea jina "Mama", naye anaikata haraka. Fundi anampa shilingi 80,000 kwa simu ambayo dukani inauzwa laki saba. Anazima, anatoa laini na kuitupa mtaroni, kisha anaiweka simu ile chini ya sakafu ya kibanda badala ya kwenye kabati la kioo lenye simu za wateja.

Fundi huyo anaweza kuapa mbele ya hakimu kwamba hakuambiwa chochote, na huenda ikawa kweli kwamba neno "wizi" halikutamkwa. Lakini usiku ule, pini, simu iliyokatwa, bei, laini iliyotupwa na shimo la sakafuni vinaeleza. Kwa uzoefu wangu hilo la kuficha ndilo zito kuliko yote. Bei mtu anaweza kuieleza. Kuficha ni vigumu mno, kwa sababu mtu haifichi mali anayoamini ni yake.

Mambo mengine ambayo mahakama huyatazama ni namba za utambulisho zilizofutwa, namba ya chasisi iliyogongwa upya, rangi iliyobadilishwa ndani ya siku chache, kukimbia baada ya kuwaona polisi, maelezo yanayobadilika kila yakiulizwa, na kama uliwahi kununua vitu vya namna hiyo kwa mtu huyo huyo. Ushahidi wa mazingira hautoshi kwa sababu tu unaonyesha upande wa hatia. Ni lazima usiache maelezo mengine ya busara yanayoweza kumtoa mshtakiwa. Ikiwa vipande vyote vinaweza kuelezwa na mtu aliyenunua kwa nia njema, anapaswa kuachiwa.

Kujua na kuwa na sababu ya kuamini vinatofautianaje?

Kujua ni kuwa na hakika: ulimwona akiiba, alikuambia, au unafahamu simu ile ni ya jirani yako. Kuwa na sababu ya kuamini ni pale ambapo dalili zilizokuwa mbele yako zingemfanya mtu wa kawaida, mwenye akili timamu na aliye kwenye kazi kama yako, aone kwamba mali ile ni ya wizi.

Hapa ndipo wanaofumba macho makusudi hunaswa. Anayesema "mimi sikuuliza" hajitetei. Ikiwa ulikuwa na kila sababu ya kuuliza ukanyamaza ili usije ukajibiwa, mahakama inaweza kusema ulikuwa na sababu ya kuamini. Kazi yako nayo huingia kwenye mizani. Mnunuzi wa vyuma chakavu Buguruni aliyekaa miaka kwenye mizani anafahamu nyaya za umeme za shirika zinafananaje na nyaya zilizotoka kwenye nyumba inayobomolewa. Bibi anayeuza maandazi aliyeuziwa waya uleule auanikie nguo hawezi kupimwa kwa kipimo hichohicho.

Lakini wasiwasi mdogo si sababu ya kuamini. Kuhisi kwamba huyu kijana "haeleweki" hakutoshi. Waendesha mashtaka wengine hulivuta neno hili mpaka likameza kila mtu aliyewahi kununua kitu barabarani, na wakili wa utetezi asiwaachie.

Nilinunua kwa bei chee. Bei peke yake inatosha kunifunga?

Kwa kawaida haitoshi. Watu huuza kwa bei ya kutupa kwa sababu nyingi za halali: mgonjwa hospitalini, kodi ya nyumba, ada ya shule, safari ya ghafla. Simu yenye kioo kilichopasuka hushuka bei. Pia soko la mitumba la jiji hili halina bei moja. Kitu kilekile Karume asubuhi na Mwenge jioni kinaweza kutofautiana sana.

Bei inakuwa na nguvu ikiungana na mengine, na pengo likiwa la kushangaza. Upande wa mashtaka ukitaka kuitegemea, ulete ushahidi wa thamani halisi ya kitu kama kilivyokuwa siku ile. Bei ya boksi jipya haisaidii kupima simu iliyotumika miaka mitatu.

Nasikia ukikutwa na kitu kilichoibwa karibuni, wewe ndiye mwizi. Ni kweli?

Ni kweli nusu, na hiyo nusu imewafunga watu wengi. Mahakama zetu zinatumia kanuni ya kupatikana na mali iliyoibwa karibuni. Mtu akikutwa na mali muda mfupi baada ya wizi, na akashindwa kutoa maelezo yanayoingia akilini, mahakama inaweza kuhitimisha kwamba yeye ndiye aliyeiba, au kwamba aliipokea akijua. Ipi kati ya hizo mbili, inategemea mazingira.

Mahakama ya Rufani imeweka masharti manne na kuyarudia kwenye hukumu nyingi. Mali iwe imekutwa kwa mshtakiwa. Ithibitike bila utata kwamba ni mali ya mlalamikaji. Iwe imeibwa karibuni kutoka kwa mlalamikaji huyo. Na iwe ndiyo mali ileile inayotajwa kwenye hati ya mashtaka. Yote manne kwa pamoja. Mahakama imesema pia kwamba hata mshtakiwa asipodai kuwa mali ni yake, Jamhuri haijaondolewa wajibu wa kuyathibitisha masharti hayo.

Soma hati ya mashtaka neno kwa neno. Nimeona hati inayotaja laptopu ya aina moja na kielelezo mezani ni cha aina nyingine. Hilo linagusa sharti la nne, na linapaswa kusemwa wazi mahakamani kabla kesi haijafika mbali.

"Karibuni" ni siku ngapi?

Hakuna idadi iliyoandikwa. Inategemea kitu kinapita mikononi mwa watu kwa kasi gani. Simu inaweza kuibwa Manzese asubuhi, ikauzwa Kariakoo mchana na kuwa mikononi mwa mtu wa tatu Mbagala kabla ya magharibi; wiki chache kwa simu zinaweza kuwa muda mrefu. Fedha taslimu huenda kasi zaidi. Jenereta kubwa au mashine ya kusaga haizunguki hivyo, kwa hiyo hata baada ya miezi kadhaa mahakama inaweza kuona bado ni karibuni. Tarehe ya wizi na tarehe ya kukamatwa ni lazima zithibitishwe zote mbili. Ikiwa mlalamikaji anasema tu "mwaka jana hivi", hakuna cha kuhesabia.

Ni kazi yangu kuthibitisha kwamba sikujua?

Si kazi yako, kwa shtaka la kifungu cha 311. Mzigo wa kuthibitisha uko kwa Jamhuri tangu mwanzo hadi mwisho, na kiwango chake ni bila kuacha shaka yoyote ya msingi. Wewe unatakiwa kutoa maelezo yanayoweza kuwa ya kweli. Hakimu si lazima ayaamini kwa asilimia mia. Akibaki na shaka kwamba huenda ulinunua kwa nia njema kama usemavyo, shaka hiyo ni ya kwako na unapaswa kuachiwa. Kifungu cha 11 cha Kanuni ya Adhabu kinamlinda pia mtu aliyetenda kwa kuamini kwa dhati, na kwa sababu za busara, hali ambayo baadaye ilionekana si kweli.

Hata hivyo, wakati wa kutoa maelezo una uzito mkubwa. Maelezo uliyoyatoa siku ya kwanza, pale pale ulipoulizwa, yakiwa na jina la muuzaji, mahali na muda, yanawapa polisi nafasi ya kwenda kuhakikisha. Wasipokwenda, ni udhaifu wao na unapaswa kuutaja. Maelezo yaleyale yakisikika kwa mara ya kwanza kwenye utetezi, baada ya mashahidi wote wa Jamhuri kumaliza, hakimu ana haki ya kujiuliza yalikuwa wapi siku zote. Ikiwa ulimwambia askari jambo na hakuliandika, mwulize swali hilo akiwa kizimbani cha shahidi. Usingoje zamu yako.

Nilinunua kwa winga (dalali wa mtaani) Kariakoo, sina risiti na simpati tena. Nimekwisha?

Hujakwisha. Kukosa risiti si kosa la wizi, na mahakimu wa Dar es Salaam wanafahamu vizuri namna vitu vilivyotumika vinavyouzwa. Kazi yako ni kuyajenga upya mazingira ya manunuzi kwa kile kilichobaki. Ujumbe wa M-Pesa au wa mtandao mwingine unaonyesha kiasi, tarehe, muda na jina la aliyepokea, na huo ni ushahidi mzuri mno, maana laini zimesajiliwa kwa alama za vidole. Mazungumzo ya WhatsApp mliyopatana bei yasifutwe. Rafiki mliyekuwa naye awe tayari kuja kusema aliona nini. Mwenye duka au kibanda cha jirani anaweza kumfahamu winga huyo kwa jina la utani.

Pia eleza ulivyoitumia mali hiyo baada ya kuinunua. Mtu aliyeweka laini yake mwenyewe, iliyosajiliwa kwa jina lake, na kupiga simu waziwazi miezi miwili, anaonyesha mwenendo wa mtu asiye na cha kuficha. Ni jambo la ajabu kwamba laini hiyohiyo ndiyo iliyowafikisha polisi mlangoni kwake, kisha inageuzwa kuwa ushahidi dhidi yake. Wakili aligeuze upande wa pili: anayejua simu ni ya wizi haiwekei jina lake.

Mimi ni fundi. Wateja wananiachia simu. Nijilinde vipi?

Kwanza, kuletewa simu uitengeneze si kuinunua, na ukiwa huna habari hutendi kosa. Shida ni kwamba siku polisi wakija, mteja hayupo na simu iko mezani kwako. Daftari la shilingi elfu mbili linaweza kukuokoa: jina la mteja, namba yake ya simu, aina ya simu, namba ya IMEI (utambulisho wa pekee wa kila simu), tatizo, tarehe na sahihi. Liandikwe kila siku, mfululizo, bila kuacha nafasi za kujazia baadaye. Daftari lenye kurasa nne za wino mmoja na mwandiko wa siku moja litakuumiza kuliko kutokuwa nalo.

Usikubali kazi ya kubadili IMEI. Sheria ya Mawasiliano ya Kielektroniki na Posta ya mwaka 2010 inaifanya kazi hiyo kuwa kosa lenyewe, hata kama simu haikuibwa. Na simu iliyobadilishwa IMEI ikikutwa kwako, utetezi wa nia njema unakuwa mgumu sana kuutoa mdomoni.

Haikukutwa mwilini mwangu. Ilikuwa chumbani tunakokaa watatu.

Kifungu cha 5 cha Kanuni ya Adhabu kinaeleza kwa upana maana ya kuwa na kitu. Unaweza kuhesabiwa kuwa na kitu hata kikiwa kwa mtu mwingine, au mahali ambapo si kwako, ilimradi unajua kipo na kipo kwa matumizi yako au ya mwingine. Na watu wawili au zaidi wakiwa pamoja, mmoja akashika kitu kwa kujua na kuridhia kwa wengine, wote wanahesabiwa kuwa nacho.

Neno la kushikilia hapo ni kujua na kuridhia. Kulala chumba kimoja na mtu si kuridhia kila kilicho ndani ya begi lake. Uliza mali ilikutwa wapi hasa: juu ya meza ya wote, au chini ya godoro la nani? Begi lilikuwa na vitambulisho vya nani? Funguo za kabati ni za nani? Haya yasipoulizwa, chumba kizima kinaweza kubebeshwa kosa la mmoja, na hilo ni dhuluma inayotokea kwenye nyumba nyingi za kupanga za Tandale na Vingunguti.

Polisi walikuja kupekua. Kuna utaratibu gani?

Vitu vinapochukuliwa kwenye upekuzi, kifungu cha 38 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai kinataka itolewe stakabadhi ya kukiri kuchukua mali, yenye sahihi ya mwenye nyumba au aliyekuwepo na ya mashahidi wa upekuzi. Kwa kawaida huitwa mjumbe wa nyumba kumi au mwenyekiti wa serikali ya mtaa. Hati ya ukamataji mali isome kabla ya kusaini. Namba ya IMEI iliyoandikwa ilingane na iliyo kwenye simu. Kisichokuwepo kisiongezwe.

Baada ya hapo kuna safari ya kielelezo: nani alikichukua, alikikabidhi kwa nani, kilitunzwa wapi, na nani alikileta mahakamani. Kwa vitu vinavyofanana, kama simu za aina moja, safari hii ikikatika hakimu hawezi kuwa na uhakika kwamba kilicho mezani ndicho kilichotoka chumbani kwako. Kwa kitu kisichobadilishwa kirahisi, mathalani gari lenye chasisi yake, mahakama huwa haikazi kiasi hicho.

Na hati yoyote inayopokelewa kuwa kielelezo isomwe kwa sauti mahakamani baada ya kupokelewa. Isiposomwa, mahakama ya rufaa inaweza kuiondoa kwenye ushahidi.

Kituoni niseme au ninyamaze?

Una haki ya kunyamaza, na una haki ya kuwa na wakili, ndugu au rafiki wakati wa kuhojiwa. Maelezo ya onyo, yaani yale polisi wanayokuandika baada ya kukuonya kwamba yanaweza kutumika mahakamani, yanatakiwa kuchukuliwa ndani ya muda wa saa nne tangu uwekwe chini ya ulinzi, muda ambao unaweza kuongezwa kwa utaratibu wa sheria.

Ushauri wangu una pande mbili. Kama una maelezo ya kweli na mafupi, kwamba ulinunua kwa fulani, mahali fulani, tarehe fulani, yatoe na uhakikishe yameandikwa, kwa sababu niliyoieleza juu. Kama huna hakika, umepigwa, au una hofu, subiri mtu wako afike. Usisaini karatasi ambayo hujasomewa. Maneno kama "nilihisi ni ya wizi lakini nikachukua" yanaandikwa kwa sekunde tano, na yanatosha kuziba pengo lote la Jamhuri kuhusu kujua. Ukiwa ulilazimishwa, yapinge pale yanapoombwa kupokelewa mahakamani. Jamhuri ndiyo itakayotakiwa kuonyesha uliyatoa kwa hiari.

Nimeibiwa, na polisi wamepata simu inayofanana na yangu. Nithibitisheje?

Pole. Anza na boksi, maana IMEI yenye tarakimu 15 imechapwa pale. Risiti, na namba ya RB (kitabu cha taarifa cha polisi) uliyopewa ulipotoa taarifa, zote zina kazi.

Mahakamani utatakiwa kuieleza mali yako kabla ya kuonyeshwa. Wengi huangukia hapo. Shahidi anaulizwa simu yake ilikuwaje, anajibu, "Nyeusi, Samsung." Simu nyeusi za Samsung ziko maelfu mjini. Shahidi mwingine anasema, "Mheshimiwa, ina ufa unaoanzia kona ya chini kushoto, kitufe cha sauti kimelegea, na nyuma ya kava niliandika herufi mbili za jina la mwanangu kwa kalamu nyeupe." Kielelezo kinatolewa kwenye bahasha, na ufa upo, herufi zipo. Baada ya hapo kumbishia ni kazi. Kwa hiyo andika alama za vitu vyako leo, vikiwa bado mkononi.

Nilisimamishwa usiku na mzigo, hakuna aliyelalamika kuibiwa. Wananishtaki kwa nini?

Hapo mara nyingi ni kifungu cha 312 cha Kanuni ya Adhabu: kupatikana na, au kusafirisha, mali inayodhaniwa kuwa ya wizi. Kinahusu mtu aliyezuiwa kwa mamlaka ya kifungu cha 24 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, kinachomruhusu askari kusimamisha na kupekua chombo au mtu anayeshukiwa kwa sababu za msingi. Kwa kawaida hutumika pale mwenye mali hajulikani.

Uwe makini nacho, maana hapa mzigo unahamia kwako: unatakiwa kuiridhisha mahakama kwamba hukuiiba wala kuipata isivyo halali. Lakini Jamhuri ianze kwa kuonyesha shaka ya askari ilikuwa na msingi. Bodaboda kubeba televisheni saa sita usiku kutoka Ubungo si msingi yenyewe, kwa sababu watu huhama nyumba usiku na abiria wa mabasi ya mikoani hufika usiku. Dereva mwenye namba ya abiria aliyempakia mzigo, na njia aliyopewa, ana jibu zuri.

Simu niliyonunua ilichukuliwa kwenye tukio la silaha. Wameniunganisha na unyang'anyi.

Hili ndilo linaloniumiza kuliko yote. Kanuni ya mali iliyoibwa karibuni haiishii kwenye wizi mdogo. Inaweza kutumika kumhusisha mtu na tukio zima ambalo mali ilichukuliwa, hata likiwa la mauaji. Unyang'anyi wa kutumia silaha, kifungu cha 287A, adhabu yake ni kifungo kisichopungua miaka 30, na hauna dhamana. Kijana aliyenunua simu kwa laki moja anaweza kukaa mahabusu Keko au Segerea wakati aliyeshika panga yuko mtaani.

Tafuta wakili mapema. Mambo ya kushughulikia ni mawili: ulikuwa wapi saa ya tukio, na njia ambayo simu ilikufikia. Kama hakuna aliyekutambua eneo la tukio na siku nyingi zimepita, hoja ni kwamba hata mazingira yakisomwa kwa ubaya wote, yanaishia kwenye kupokea, kosa lenye adhabu ndogo zaidi na lenye dhamana. Hoja hii isiachwe hata kama msimamo wako ni kwamba hukujua kabisa.

Mwizi aliyeniuzia anasema aliniambia. Neno lake linatosha?

Ushahidi wa mshirika katika kosa unapokelewa, lakini mahakama huutazama kwa tahadhari kubwa, kwa sababu ana faida ya kukubebesha mzigo. Na kama ni ungamo la mshtakiwa mwenzako tu, Sheria ya Ushahidi, kifungu cha 33, inakataza kukutia hatiani kwa kutegemea hilo peke yake. Kwa upande mwingine, kutokamatwa kwa mwizi, au kuachiwa kwake, hakukuondolei kosa wewe kama ushahidi wa kujua kwako upo.

Sikujua siku ya kununua, nimejua baadaye. Nifanyeje?

Kifungu cha 311 hakisemi kupokea tu. Kinasema pia kubaki na mali. Tangu siku uliyojua, kuendelea kuikalia kunakuweka hatarini. Usiiuze kwa mwingine ili urudishe hela yako, maana hapo utakuwa umeuza ukijua. Nenda kwa mwenyekiti wa mtaa, na mwende wote kituoni kuikabidhi, ukiwa na ushahidi wako wa manunuzi na ukidai maandishi ya kuipokea. Naelewa hofu ya kuingia kituoni kwa miguu yako na simu ya wizi mkononi. Ndiyo maana nasema usiende peke yako.

Kuhusu hela yako, mali inarudi kwa mwenyewe. Aliyekuuzia hakuwa na haki juu yake, kwa hiyo hakuwa na cha kukupa. Unamdai yeye.

Nikitaka kununua simu iliyotumika, nifanye nini kwanza?

Bonyeza *#06# na uone IMEI, kisha ilinganishe na ya boksi kama lipo. Itume kwenda 15090, huduma ya kuhakiki simu halisi, na usome jibu mbele ya muuzaji. Mwambie atoe akaunti yake kwenye simu hapo hapo. Asiyejua neno lake la siri hauzi simu yake. Piga picha ya kitambulisho chake, andikeni karatasi fupi, na lipa kwa simu badala ya taslimu. Akikataa yote matatu, ondoka, maana ukinunua baada ya hapo, kukataa kwake kutakuwa sehemu ya ushahidi dhidi yako.

Ndugu yangu yuko mahabusu na hatuna hela ya wakili. Tuanzie wapi?

Andikeni namba ya kesi, jina la mahakama, iwe Kisutu, Kinondoni, Ilala au Temeke, na tarehe ya kutajwa. Ulizeni shtaka ni la kifungu gani, kwa sababu dhamana inategemea hapo. Kwa 311 na 312 ipo, na kinachohitajika zaidi ni wadhamini wenye vitambulisho na barua ya serikali ya mtaa. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inatambua haki ya mtu asiye na uwezo kupata msaada wa kisheria, na mshtakiwa mwenyewe anaweza kusimama na kumwomba hakimu. Kesi inaendeshwa kwa Kiswahili, lugha ya mahakama tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021, hivyo ndugu anayekaa kwenye benchi la nyuma anaweza kufuatilia na kuandika kila shahidi alichosema.

Wakati huohuo kusanyeni vitu vya manunuzi kabla havijapotea. Simu yake ikiwa imeshikiliwa kama kielelezo, ujumbe wa malipo hauko mikononi mwenu, lakini mwenye laini anaweza kuomba taarifa ya miamala yake kwa kampuni ya simu. Akiwa ndani, wakili au mahakama isaidie kuipata. Mtafuteni pia yule rafiki aliyekwenda naye kununua, na mwambieni asibadilishe namba.